Nyumba ya Kesho katika Katuni za Marekani, 1949 hadi 1966: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ukurasa huu unahusu katuni zipi?

Unahusu katuni zilizotengenezwa Marekani katika miaka ishirini hivi baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia, ambazo ziliwaonyesha watazamaji nyumba ya miaka ijayo: nyumba inayojipoza na kujipasha joto, inayopika na kufagia, na inayomwachia mwenye nyumba kazi moja tu, ya kubonyeza kitufe. Nne ndizo zitakazotajwa mara nyingi. Ya kwanza ni The House of Tomorrow, iliyoongozwa na Tex Avery katika studio ya MGM na kutolewa mwaka 1949. Ya pili ni Design for Leaving ya Warner Bros., iliyoongozwa na Robert McKimson mwaka 1954. Ya tatu ni Magic Highway, U.S.A., kipindi cha televisheni cha Disney kilichoongozwa na Ward Kimball na kurushwa Mei 1958. Ya nne ni The Jetsons, mfululizo wa Hanna-Barbera ulioanza kuonyeshwa na kituo cha televisheni cha ABC tarehe 23 Septemba 1962.

Je, wazo la nyumba ya vitufe lilianza na katuni hizi?

Hapana, lilikuwapo kabla ya vita. Mwaka 1937 Disney walikwisha kumpeleka Donald Duck kwenye jumba la maonyesho ya mitambo ya kisasa, na mitambo ikamtesa. Mwaka 1939 mwongozaji wa katuni Chuck Jones alitengeneza Dog Gone Modern, ambamo watoto wawili wa mbwa wanaingia katika nyumba ya mfano inayojiendesha yenyewe. Kisa hicho alikirudia mwaka 1948 akiwatumia panya badala ya mbwa. Mwaka huohuo wa 1939, katika Maonyesho ya Dunia ya New York, kampuni ya Carrier ilijenga banda lenye umbo la nyumba ya barafu ili wageni waonje ubaridi wa mashine. Jambo jipya baada ya vita ni kwamba ndoto hiyo ilikuwa sasa na bei yake dukani.

Kwa nini mada hii ilishamiri hasa katika miaka ya 1950?

Kwa sababu hiyo ndiyo miaka ambayo kiyoyozi kiliingia katika nyumba ya Mmarekani wa kawaida, baada ya kuzunguka kwingineko kwa nusu karne.

Mtambo ambao mhandisi Willis Carrier aliubuni mwaka 1902 haukuwa na nia ya kumstarehesha mtu. Ulibuniwa kwa ajili ya kiwanda cha uchapaji cha Sackett-Wilhelms, Brooklyn, ambako karatasi ilikuwa ikitanuka na kunywea kulingana na unyevu wa hewa, hata rangi zilizochapwa moja baada ya nyingine zikakosa kukutana mahali pake. Ubaridi wa kwanza wa mtambo huo, kwa hiyo, ulikuwa wa karatasi. Baada ya hapo ukaenda katika viwanda vya nguo na vya tumbaku, kisha katika kumbi za sinema, maduka makubwa na ofisi. Nyumba ilikuja mwisho, kwa sababu mitambo ilikuwa mikubwa na ya gharama, na kwa sababu gesi zilizotumika kupoza, kama vile amonia na dioksidi ya salfa, zilikuwa za hatari zikivuja ndani ya chumba cha kulala. Kikwazo hicho cha pili kiliondolewa na Thomas Midgley na wenzake mwaka 1928, walipotengeneza kwa ajili ya kampuni ya majokofu ya Frigidaire gesi isiyoshika moto wala kudhuru mapafu, ambayo baadaye iliuzwa kwa jina la Freon.

Baada ya vita mambo yakaenda haraka. Mwaka 1947 viliuzwa viyoyozi vya dirishani takriban 43,000. Mwaka 1953 mauzo yalivuka 1,000,000. Mwaka huohuo wa 1953 kampuni ya Honeywell ilianza kuuza themostati ya mviringo iliyosanifiwa na Henry Dreyfuss, kidude cha ukutani ambacho mtu alikizungusha kwa vidole ili kuchagua joto analolitaka. Ukizitazama katuni za wakati ule huku ukikumbuka kidude hicho, unaona kwamba wachoraji hawakuhitaji kubuni mengi.

Ujenzi wa nyumba nao ulichangia?

Ulichangia sana, na jambo hili husahauliwa. Kuanzia mwaka 1947 kampuni ya Levitt ilijenga kwa maelfu nyumba zinazofanana katika mji wa Levittown, jimbo la New York, zikiwa na kuta nyepesi, na mabomba ya maji ya moto yaliyozikwa katika sakafu ya zege ili kuzipasha joto wakati wa baridi. Nyumba za zamani za kusini mwa Marekani zilikuwa na dari ndefu, varanda pana na madirisha yanayotazamana ili upepo upite. Nyumba mpya, kaskazini hata kusini, ziliachana na hayo yote kwa sababu yaliongeza gharama. Nyumba iliyojengwa bila kuufikiria upepo haina budi kununuliwa mashine ya kuuleta. Kwa hiyo katuni zilizoonyesha nyumba iliyofungwa pande zote na kupozwa kwa kitufe zilikuwa zikieleza mwelekeo ambao wajenzi walikwisha kuushika.

Kulikuwa na uhusiano gani kati ya ukumbi wa sinema na kiyoyozi?

Hili ndilo swali ambalo ningependa kila mpenzi wa katuni za zamani ajiulize. Katuni za Avery na McKimson hazikutengenezwa kwa ajili ya televisheni. Zilionyeshwa katika kumbi za sinema kabla ya filamu kuu, na kumbi hizo ndizo zilizowafundisha Wamarekani ladha ya hewa iliyopozwa. Mwaka 1925 Carrier aliweka mtambo wake katika ukumbi wa Rivoli, New York, na mkuu wa Paramount, Adolph Zukor, alikuja mwenyewe kuona kama watu wangependezwa. Walipendezwa. Kumbi za sinema, ambazo zamani zilikosa watu wakati wa kiangazi kwa sababu ya joto, zikageuka kuwa kimbilio la kiangazi, na matangazo ya nje yakataja ubaridi kwa herufi kubwa pamoja na majina ya waigizaji.

Sasa mfikirie mtazamaji wa Juni 1949. Ameacha nyumba yenye joto, na pengine ana feni moja mezani. Amelipa kiingilio, ameketi katika hewa kavu na baridi, na mbele yake inaonyeshwa katuni kuhusu nyumba ambayo kila raha hupatikana kwa kubonyeza. Kile kilichokuwa kwenye pazia na kile kilichokuwa kikimpuliza usoni vilikuwa sehemu ya ahadi moja. Hata miaka kumi na mmoja baadaye, sensa ya mwaka 1960 ilipouliza kuhusu viyoyozi kwa mara ya kwanza, ni takriban asilimia 12 tu ya nyumba za Marekani zilizokuwa navyo. Wengi wa waliocheka mwaka 1949 walikuwa wakicheka kitu ambacho hawakuwa nacho, lakini miili yao ilikwisha kukijua.

Tex Avery anaonyesha nini katika The House of Tomorrow?

Anaiga filamu za maelezo zilizokuwa maarufu wakati ule. Msimulizi mwenye sauti tulivu anatutembeza ndani ya nyumba, chumba hadi chumba, akisifu kila kifaa: mashine ya sandwichi inayogawa vipande vya mkate kama mtu anayegawa karata, televisheni yenye kioo tofauti kwa kila mtu wa familia, na mengine mengi. Vifaa kadhaa vina toleo la baba, la mama, la mtoto, na la mama mkwe, na la mama mkwe daima limekusudiwa kumdhuru. Kichekesho hicho hakijazeeka vizuri, na anayeitazama leo katika jamii ambamo mkwe ni mtu wa kuheshimiwa huenda akakunja uso. Hata hivyo, kuna jambo ambalo Avery aliliona kwa undani: nyumba yake haimwunganishi mtu na mwenzake. Kila mmoja ana mlango wake, kitufe chake na starehe yake. Avery aliendelea na mfululizo huo kwa gari mwaka 1951, televisheni mwaka 1953 na shamba mwaka 1954.

Na Design for Leaving je?

Kwa maoni yangu hii ndiyo bora kuliko zote, nami sioni haya kusema hivyo. Daffy Duck anakuja mlangoni kwa Elmer Fudd akiwa mchuuzi wa kampuni ya vifaa vya nyumba ya kesho. Elmer hajaomba chochote. Daffy anampakia katika basi la kwenda Duluth, Minnesota, mji wa mbali kaskazini, na Elmer anaporudi anakuta nyumba yake imejaa vitufe. Hakuna kimoja kinachomtii anavyotaka. Ngazi hazihitajiki tena: ukibonyeza, ghorofa ya juu inashuka yenyewe, na kwa kuwa hakuna aliyefikiria mahali pa kuiweka, inakiponda kilichokuwa chini.

Katika nyumba hiyo kuna kitufe chekundu, na Daffy anamwonya Elmer mara kwa mara asikiguse. Elmer, akiwa amemlipiza kisasi kwa kumpakia yeye naye katika basi la Duluth, anashindwa kujizuia na kukibonyeza. Kumbe ni kitufe cha kujikinga na wimbi kubwa la bahari, na nyumba nzima inapandishwa angani juu ya nguzo ndefu. Daffy anatokea akiwa ndani ya helikopta na kumweleza kwamba, kwa malipo kidogo, anaweza kumwekea kitufe cha buluu cha kumshusha.

Katika dakika saba kuna mambo ambayo wauzaji wa starehe hawakupenda yasemwe: kwamba kifaa huuzwa kwanza na haja ya kukitumia hutafutwa baadaye, na kwamba mashine inayokutoa kwenye hatari inaweza kukuacha mahali ambapo huwezi kushuka bila kumlipa tena yuleyule aliyekupandisha.

Katika The Jetsons hali ya hewa inadhibitiwaje?

Kwa kuikwepa. Familia ya George, Jane, Judy na Elroy inaishi mwaka 2062, miaka mia moja baada ya katuni kuanza, katika ghorofa za Skypad zilizosimama juu ya nguzo nyembamba, na hali ya hewa inapochafuka jengo linaweza kuinuliwa lipite juu yake. Inafaa kulinganisha picha hii na nyumba ya Elmer. McKimson aliichora nyumba iliyoinuliwa kuwa maafa. Miaka minane baadaye, Hanna-Barbera wakaichora nyumba ileile kuwa anwani ya familia yenye raha. Wachoraji hawakuyatoa majengo hayo hewani, kwani usanifu wa Los Angeles wa wakati ule ulipenda vioo, mapaa yaliyopinda na nguzo moja iliyobeba kila kitu. Nyumba ya Chemosphere ya John Lautner, iliyokamilika mwaka 1960, ina pembe nane na imekaa juu ya nguzo moja ya zege ubavuni mwa mlima, na hadi leo inasimama.

Mfululizo wa kwanza ulikuwa na vipindi 24 tu, na ndio uliokuwa wa kwanza wa ABC kurushwa kwa rangi, ingawa familia nyingi ziliuona kwa nyeusi na nyeupe kwa kukosa televisheni za rangi. Vipindi vingine viliongezwa katika miaka ya 1980.

Je, kazi za nyumbani zilipungua katika ndoto hizo?

Zilipungua kwa mkono, lakini mwenye kuzibeba hakubadilika. Katika kipindi cha kwanza cha The Jetsons, Jane amechoshwa na kazi ya kubonyeza vitufe, na dawa yake ni kumleta nyumbani Rosey, roboti mwanamke aliyevalishwa aproni. Wachoraji waliweza kufikiria gari linaloruka na kukunjwa likawa mkoba, lakini hawakuweza kumfikiria George akipika. Matangazo ya biashara ya wakati ule yalifanya vivyo hivyo: mwanamke aliyevaa vizuri anasimama kando ya mashine, akitabasamu.

Ndoto hii iliishia ndani ya nyumba?

Haikuishia humo. Mara tu wazo la kuchagua hewa ya chumba lilipokubalika, lilitoka nje ya mlango. Katika Magic Highway, U.S.A., barabara ya kesho inapashwa joto ili isishike barafu wala theluji, na familia inasafiri ndani ya gari linalojiendesha kana kwamba haijaondoka sebuleni. Mwaka 1960 msanifu Buckminster Fuller alipendekeza kuba lenye upana wa kilomita 3 hivi juu ya katikati ya Manhattan, akidai kwamba gharama ya kuzoa theluji na kupasha majengo joto ingepungua. Na Oktoba 1966, wiki chache kabla ya kifo chake, Walt Disney alirekodi filamu ya kueleza mji wa EPCOT aliokusudia kuujenga Florida. Ndani yake, kwa michoro inayotembea, tunaonyeshwa kitovu cha mji chenye ukubwa wa ekari 50 kilichofunikwa chote, ili wakazi wasiijue mvua wala jua wakienda dukani au kwenye sinema. Mji huo haukujengwa kama alivyoueleza. Bustani ya burudani iliyofunguliwa kwa jina hilo mwaka 1982 ni kitu kingine.

Umeme wa kuendesha yote hayo ungetoka wapi?

Katuni za vichekesho hazikuuliza swali hilo, lakini kulikuwa na katuni nyingine zilizolipiwa ili zilijibu. Studio ya John Sutherland ilitengeneza A Is for Atom mwaka 1953 kwa ajili ya General Electric, ikieleza nguvu ya nyuklia kwa wahusika wa kuchekesha wenye vichwa vya atomu, na mwaka 1956 ikatengeneza Destination Earth kwa ajili ya taasisi ya makampuni ya mafuta, ambamo mgeni kutoka Mars anagundua kwamba siri ya maisha mazuri ya Wamarekani ni mafuta na ushindani wa biashara. Mwaka 1954 Lewis Strauss, mwenyekiti wa Tume ya Nishati ya Atomu, alitabiri kwamba kizazi kijacho kingepata umeme wa bei rahisi kiasi cha kutostahili kuwekewa mita. Kwa upande wao, makampuni ya umeme na watengenezaji wa vifaa walianzisha kampeni ya kutoa medali ya dhahabu kwa nyumba zinazotumia umeme kwa kila kitu, kuanzia jiko hadi joto la sebuleni.

Mtazamaji wa leo afanye tofauti kati ya katuni iliyotengenezwa ili kuchekesha na ile iliyotengenezwa ili kuuza. Ya kwanza iliruhusiwa kuonyesha mashine ikiharibika; ya pili haikuruhusiwa.

Je, nyumba yoyote ya aina hii ilijengwa kweli?

Ndiyo. Inayojulikana zaidi ni nyumba ya plastiki ambayo kampuni ya kemikali ya Monsanto, kwa kushirikiana na wasanifu wa chuo cha MIT, ilijenga ndani ya Disneyland, California, mwaka 1957. Ilikuwa na mabawa manne meupe yaliyochomoza kutoka kiini kimoja, na wageni walielezwa kwamba hewa ya vyumba vyake ingeweza kuchujwa, kupozwa, kupashwa joto na hata kutiwa manukato. Ilipoamuliwa ibomolewe mwaka 1967, tufe la chuma la kubomolea lilidunda kwenye kuta zake, na kazi iliyotarajiwa kuchukua siku moja ikachukua takriban wiki mbili.

Ya kuheshimiwa zaidi machoni pangu ni kompyuta ya ECHO IV, ambayo mhandisi wa Westinghouse, Jim Sutherland, aliiunda nyumbani kwake Pittsburgh katikati ya miaka ya 1960. Pamoja na kutunza hesabu za familia, iliweza kusimamia joto la nyumba. Haikuuzwa kamwe.

Katuni hizi zilikosea wapi zaidi?

Zilikosea kuhusu joto lenyewe. Kiyoyozi hakiliui joto, hulihamisha. Gesi ya kupoza hufyonza joto la chumbani inapogeuka mvuke, kompresa huibana, na upande wa nje gesi hiyo hulitema joto hilo inaporudi kuwa kimiminika, likiwa limeongezewa joto la mashine inayofanya kazi. Kila aliyepita nyuma ya jengo la ofisi Dar es Salaam au Muscat saa nane mchana ameusikia upepo huo wa moto ukimpiga miguuni. Katika katuni zote nilizozitaja hakuna hata moja inayoonyesha upande huo wa nje. Ubaridi unafika kama zawadi, bila mtu wa upande wa pili anayeupokea kama joto.

Gesi nayo ilikuwa na madhara ambayo mwaka 1954 hakuna aliyeyajua. Mwaka 1974 wanakemia Mario Molina na Sherwood Rowland walionyesha kwamba gesi za jamii ya Freon hupanda hadi tabaka la juu la anga na kuharibu ozoni, gesi inayoikinga dunia na mionzi mikali ya jua. Mkataba wa Montreal wa mwaka 1987 ulianza kuziondoa, lakini gesi zilizochukua nafasi yake zilibainika kuwa na uwezo mkubwa wa kuongeza joto la dunia. Ndipo mataifa yalipokutana Kigali, Rwanda, Oktoba 2016 na kukubaliana kuzipunguza hatua kwa hatua. Makubaliano hayo yanaitwa kwa jina la mji huo hadi leo, na fundi anayejaza gesi kwenye kiyoyozi chochote cha Afrika Mashariki anafanya kazi chini ya kivuli chake.

Ni mambo gani yaliyotimia?

Mazungumzo ya ana kwa ana kwa kioo, mashine ya kufagia inayojiendesha, saa inayopokea simu, na themostati inayoamriwa kutoka mbali, vyote vipo. Gari linaloruka na wiki ya kazi ya saa chache, ambayo George Jetson aliilalamikia kuwa ni ndefu, havijafika.

Nikitaka kuzitazama, nianze na ipi?

Anza na Design for Leaving, kisha kipindi cha kwanza cha The Jetsons, ukizitazama zikifuatana ili uone jinsi nyumba iliyopandishwa juu ilivyobadilika maana. Baada ya hapo tazama A Is for Atom, ambayo imechorwa kwa ustadi mkubwa na ambayo inaeleza sayansi yake vizuri, huku ukikumbuka nani aliyeilipia. The House of Tomorrow iache iwe ya mwisho, na kama una watoto wadogo, keti nao, kwa kuwa wanawake na wakwe katika katuni hiyo wanachorwa kwa dharau ambayo mtoto asiachiwe kuimeza bila kuelezwa.